Kigoda cha Weisiko

Gorong'a,
3 Machi 1974

Dada Verdiana,

Shikamoo. Barua hii anakuletea katekista Kornelio kwa baiskeli yake, na nimemwapisha asiifungue. Mwili wangu mzima. Moyo usiuulize.

Nakuandikia kwa sababu wewe ndiye mtu pekee ninayemjua aliyewahi kuishi na Weisiko akatoka na akili zake. Jana Simioni alijikwaa kizingitini akachubuka goti. Nikamkimbilia. Mtoto akanipita, dada, akanipita mikono nimeinyoosha, akaenda kujificha kwenye khanga ya Weisiko huku analia, mama, mama. Weisiko akamfuta machozi, akaniangalia juu ya kichwa chake, akamwambia, "Mwambie Christina alete maji." Na mtoto akageuka akaniambia, "Christina, leta maji."

Nikaleta.

Mila siikatai. Mwanamke asiyejaliwa mtoto wa kiume anaoa msichana kwa ng'ombe wake, anamchagulia mwanamume wa kuzaa naye, na mtoto anakuwa mjukuu wa boma lake. Nyumba ntobhu haikuanza na sisi. Weisiko alikuoa wewe kwanza, hukupata mtoto, akakurudisha nyumbani, na baba kwa kuogopa kudaiwa ng'ombe akanitoa mimi nishike mahali pako. Nikazaa. Basi Simioni awe mjukuu wake, aitwe kwa ukoo wake, arithi boma lote. Lakini kuitwa mama? Hilo nalo lilikuwemo kwenye mahari?

Analala naye, anakula naye, anamwogesha yeye. Mimi ni mtu wa jembe na ndoo. Mtoto ana miaka minne na hajawahi kuniita mama hata kwa bahati mbaya.

Wewe uko mjini, unaona mengi. Nifundishe namna ya kumweza huyu mama. Ushauri wa kuvumilia usinipe, huo ninao wa kutosha kutoka kwa Kornelio.

Mdogo wako,
Christina

*

Tarime Mjini,
24 Machi 1974

Christina,

Marahaba. Barua yako niliisoma nimesimama jikoni, chapati ikaungua, nikagombezwa. Haidhuru.

Unafikiri uko peke yako? Njoo uone nyumba hii ya Bwana Kanji ninakolea mtoto. Duka liko mbele, nyuma kuna ua, na uani kuna bembea ya mbao imening'inizwa kwa minyororo. Anayeikalia ni mmoja tu, mama yake Kanji, Jasumati. Funguo zote za nyumba amezichomeka kiunoni kwenye sari. Ufunguo wa samli, wa sukari, wa kabati la vyombo. Zikilia tu, kila mtu anasimama wima. Mkwe wake, Urmila, msichana mzuri aliyeletwa kutoka Kisumu, kila asubuhi anasimama mbele ya stoo, kichwa amefunika, akingoja kupimiwa unga wa kuwapikia watu wake mwenyewe. Amezaa, na mtoto analala chumbani kwa bibi. Yaani ukiondoa sari na bizari, ni Gorong'a kabisa.

Mimi nina kikombe changu. Kinakaa nje dirishani, hakichanganywi na vingine. Kila nikikishika namkumbuka Weisiko. Hukuwepo siku ile aliponirudisha nyumbani, ulikuwa shule, kwa hiyo ngoja nikwambie. Nilikuwa nimekaa kwenye kigoda chake pale mlangoni, wageni wamejaa uani. Akaninyanyua. Akaagiza maji na majivu, akakiosha kile kigoda mbele ya watu wote, taratibu, miguu yote mitatu. Hakunitukana hata neno moja. Matusi ningeyasahau.

Sasa nisikilize. Huko Musoma kuna sinema, na Jumapili nyingine wanafanya onyesho la wanawake peke yao. Tunajazana kwenye gari la Kanji, mimi nampakata mtoto. Juzi picha ilikuwa ya mkwe kama wewe, mtoto wake amenyang'anywa na mama mkwe. Ukumbi mzima wanafuta pua. Lakini yule mkwe mwenyewe hakulia, na hapo ndipo penye somo. Alitabasamu. Alimkanda mama mkwe miguu, akamsifia kwa wageni, akaamka kabla ya jogoo, mpaka yule mama akazoea, akalegea, akamkabidhi funguo kwa mkono wake mwenyewe.

Anza hapo. Sehemu ya pili nitakuandikia ukimaliza ya kwanza.

Dada yako,
Verdiana

*

Gorong'a,
2 Juni 1974

Dada Verdiana,

Shikamoo. Nimetabasamu mpaka mashavu yanauma.

Nilianza na magoti yake, maana yanamsumbua tangu masika. Kila jioni namkanda kwa samli ya moto. Siku mbili za kwanza alinitazama kama mtu anayetazama mbwa wa jirani. Halafu akaanza kunyoosha mguu mwenyewe kabla sijakaa. Kwenye matanga ya mzee Mwikwabe nikamsifia mbele ya wanawake wote, nikasema bila mama huyu mimi nisingekuwa mtu. Akainama kuficha uso. Jumatatu yake akatoa ufunguo wa ghala shingoni, akaniwekea mkononi. Akasema mgongo wake haumruhusu tena kuinama kwenye mahindi, nishike mimi.

Nikuambie ukweli? Jioni nyingine ananisimulia mambo ya ujana wake, jinsi watoto wake wanne wa kike walivyoolewa mbali akabaki anasikia upepo tu nyumbani. Kuna siku nilicheka naye nikasahau kwamba naigiza. Nilipokumbuka nilijichukia.

Maana mtoto hajaniachia. Ufunguo ndiyo, mtoto hapana. Nilimwomba Simioni alale kwangu usiku mmoja tu. Akajibu kwa upole kabisa, "Atalia." Ni upole huo uliofanya nitamani kumchoma kwa kile chungu cha samli.

Na watu wa operesheni vijiji wamefika. Wanasema wote tutateremka barabarani tukakae kwa mistari, kijiji kimoja, kabla ya mvua za vuli. Huku watu wanabomoa paa kuokoa miti.

Nitumie sehemu ya pili.

Christina

*

Tarime Mjini,
19 Juni 1974

Christina,

Umesahau kwamba unaigiza? Usinichekeshe. Alivyonisimulia mimi, walikuwa mabinti watatu. Mwanamke yule ana hadithi ya kila mkwe.

Sehemu ya pili ni hii. Kuna sherehe kubwa, watu wote wa mji wamekuja, mataa, maua, sahani za peremende. Mkubwa wa mji anamwuliza yule mkwe, huyu mama ni nani wako? Na yeye, aliyetabasamu siku zote zile, anasema kwa sauti ya kusikika mpaka nyuma: "Simjui." Anamshika mtoto wake mkono, anatoka. Mama mkwe anabaki mlangoni na mikono mitupu. Wanawake ukumbini walisimama wakapiga makofi, Christina. Hata Jasumati na funguo zake.

Sasa fungua masikio. Afisa mmoja wa operesheni huja hapa dukani kununua sigara. Nimemsikia akimwambia Kanji kwamba siku ya kugawa viwanja watu watasimama uwanjani, kila nyumba na watu wake, mume na mke na watoto wao. Ni mtu wa kuja, mila zetu hazijui na hataki kuzijua. Kwake yeye mke ni wa mwanamume, na sheria ndivyo isemavyo. Mwanamke mwenye mtoto na hana mume anapewa kiwanja chake. Kizee asiye na mtu anawekwa huko mwisho wa mistari na vizee wenzake.

Umenielewa. Na lisemwe mbele ya watu wote, si uchochoroni. Mimi sikuoshewa kigoda uchochoroni.

Verdiana

*

Kijiji kipya, chini ya Gorong'a,
15 Septemba 1974

Dada,

Shikamoo. Imekwisha.

Tulisimama uwanjani tangu asubuhi, kila mtu na mizigo yake miguuni. Weisiko alikuwa amevaa gauni lake la kanisani. Amemshika Simioni mkono wa kulia, na upande wa kushoto ameacha nafasi yangu. Mimi nikaenda kusimama peke yangu. Kwanza alidhani nimekosea, akaniita kwa kichwa. Sikwenda. Afisa akafika kwangu akauliza mume wangu nani. Nikasema sina. Akauliza mtoto ninaye? Nikasema ninaye, ni yule pale. Akamwangalia Weisiko, akauliza, na huyu bibi?

Nikasema, "Simjui."

Kila mtu pale alikula nyama ya harusi yangu, na hakuna aliyefungua mdomo, maana askari walikuwepo na kila mmoja anakiogopea kiwanja chake. Afisa akamwambia Simioni, nenda kwa mama yako. Mtoto akabaki ameng'ang'ania lile gauni. Weisiko akamfungua vidole yeye mwenyewe, kimoja kimoja, akamsukuma kwangu. Neno alilosema ni moja tu, "Sawa." Halafu akaenda kusimama na wale vizee.

Nilisikia raha, dada. Sikufichi. Nilisikia raha kama mtu aliyetua mzigo wa kuni. Baba amekasirika, hanisalimii. Ufunguo wa ghala bado ninao, ijapokuwa mlango wake umebaki kule juu na hauna nyumba.

Ila Simioni hali. Namwekea uji anaugeuzia mgongo. Akiamka anauliza, mama yuko wapi, nami namwambia mama ni mimi, naye ananitazama tu. Wewe uliiona picha mpaka mwisho. Yule mtoto alifanya nini baada ya pale?

Christina

*

Tarime Mjini,
1 Oktoba 1974

Mdogo wangu wewe,

Nimeisoma mara tano. Nimeisoma chooni ili nicheke bila kuulizwa. Amesema "sawa" tu? Hakutetemeka? Gauni gani, lile la bluu lenye kola? Niandikie tena, na safari hii usiruke kitu.

Mtoto atasahau, watoto wote husahau. Mpe maziwa yenye sukari. Nakutumia sukari kidogo kwa Kornelio, usiulize nimeipataje, siku hizi Jasumati anasinzia na funguo zake.

Krismasi nitapewa siku tatu. Nakuja. Nataka kuuona huo mstari wa vizee. Na kigoda kile, anacho bado? Kichukue. Mwambie ni cha nyumba ya mtoto, mwambie lolote. Nitakikalia mlangoni kwako, nimevaa vizuri, ili akipita kwenda kuchota maji anione.

Dada yako mwenye furaha,
Verdiana

*

Kijiji kipya,
26 Januari 1975

Verdiana,

Ulikuja, ukakalia kigoda nilichochukua kwa Weisiko, ukacheka kwa sauti kila Weisiko alipopita na ndoo. Siku tatu. Hukumshika Simioni hata mara moja. Wakati ule nilidhani ni kwa sababu ya uchungu wa kukosa wako, nikanyamaza.

Sasa nikwambie yaliyofuata. Mtoto alianza kutoroka. Nikigeuka tu, yuko mwisho wa mistari mbele ya mlango wa Weisiko. Na Weisiko hamfungulii. Mara ya kwanza nilimfuata nikamsikia yule mama akisema kutoka ndani, "Nenda kwa aliyekuzaa. Mimi hapa sijulikani." Maneno yangu hayo, amenirudishia. Na najua analia humo ndani, maana nilimsikia, lakini komeo halitoi. Anatukomoa wote wawili, na yeye wa tatu. Simioni anakaa chini kwenye vumbi, mgongo kwenye ule mlango, mpaka nimbebe.

Wiki iliyopita akawa mwepesi kama kuku mwenye ugonjwa wa mdondo. Nikampeleka hospitali huko Tarime. Mganga alisema hana ugonjwa, ale. Nikapita dukani kwenu kukutafuta. Wewe ulikuwa umekwenda Musoma na bibi na mtoto. Alikuwepo Urmila kwenye kaunta. Akamwona Simioni, akampa biskuti, akanipa kiti ndani ya duka, akaniletea chai kwenye kikombe kama anachonywea yeye. Nikamwuliza ile picha ya mkwe aliyesema simjui iliishaje, kwa sababu nataka kujua mtoto wake alipona au alikufa.

Hakuielewa. Nikamweleza yote, funguo, sherehe, makofi. Akasema hakuna picha kama hiyo, na kwao mkwe akimkana mama mkwe hadharani watu wangetoka ukumbini. Halafu akasema kwa huruma, bila kukusengenya, "Verdiana hajawahi kuingia ndani. Yaya wote wanakaa nje barazani na watoto, mpaka tutoke."

Sasa nina swali moja. Ile picha uliitunga kwa ajili yangu au kwa ajili yako?

Christina

*

Tarime Mjini,
9 Februari 1975

Christina,

Nje pana ngazi za saruji. Nimezikalia tangu nianze kazi hapa. Muziki unasikika, vilio vinasikika, picha haionekani. Mlango una pazia zito na mzee wa kukata tikiti ana fimbo. Wakitoka macho mekundu nawauliza ilikuwaje, wananiambia, wewe beba mtoto. Basi nikawa natengeneza za kwangu. Zangu ni bora. Za kwao, nasikia, mwisho wanakumbatiana.

Umeuliza, nami sitakuficha. Kwa ajili yangu. Nilitaka mwanamke yule asimame mbele ya watu na nafasi tupu ubavuni, ajue inavyokuwa. Mguu wangu haukanyagi boma lake, kwa hiyo nilitumia wako. Ningeweza kurudia, ningerudia kesho.

Na usijifanye malaika. Uliletwa mahali pangu hata yale majivu hayajakauka pale mlangoni. Ulilia? Nilikuona unaondoka nyumbani na kitenge kipya, unajitazama. Hukuuliza dada yangu atakwenda wapi. Ukazaa mara moja, mwanamume aliyechaguliwa vizuri safari hii, na kila mtu akasema, ahaa, kumbe kasoro ilikuwa ya yule. Kila unapomtaja Simioni kwenye barua zako unanichoma na hujui. Sikumshika Krismasi kwa sababu ningemshika nisingemwachia.

Pasaka nitapewa siku mbili. Nitakuja, tuzungumze uso kwa uso. Wewe ni ndugu yangu, sina mwingine wa kumwendea.

Verdiana

*

Kijiji kipya,
2 Machi 1975

Verdiana,

Barua yako nilimpelekea Weisiko. Nilikaa mbele ya mlango wake na Simioni, kwenye vumbi lile lile, nikaisoma kwa sauti tangu mwanzo hadi mwisho, mlango umefungwa. Nilipomaliza akauliza kutoka ndani, "Krismasi alikalia kigoda changu, sivyo?"

Nikasema alikikalia.

"Kilete."

Nikakimbia kukileta. Niliporudi mlango ulikuwa wazi na mtoto yuko mapajani mwake, anakula ugali kwa mikono miwili. Usidhani amenisamehe. Hakunisamehe, na mimi sikumwomba. Aliniambia nitahamia kwake na jembe langu, na siku atakayokufa nitajua ya kwangu. Nikampa ufunguo wa ghala lisilokuwepo. Akauvaa shingoni.

Watu walikuwa wameanza kusogea, unajua mistari hii ilivyo, hakuna linalofichika. Wanawake wakaacha kutwanga. Weisiko akanitazama juu ya kichwa cha mtoto, akamwambia, "Mwambie Christina alete maji."

Simioni alikuwa anacheka, mdomo umejaa ugali. Akasema, "Christina, leta maji."

Nikaleta, na majivu. Nimekiosha mimi mwenyewe, taratibu, miguu yote mitatu, na Weisiko ndiye aliyekuwa ananimiminia. Kimeanikwa juani sasa hivi ninapoandika.

Pasaka ukija, utasimama.

Christina